Baraza la Udongo wa Ilungu

Jumapili, 6 Juni 1937

Mimi Luka Nzowa wa Ihanda ninaandika kwa mkono wangu mwenyewe. Kusoma nilijifunza uzeeni, kwenye darasa la ubatizo. Wazee wote nilioanza nao walishindwa, wakarudi kulima ulezi. Mimi sikushindwa. Mimi kitu hakinishindi.

Ninaandika ili hasira yangu isipoe. Hasira ya mzee ni kama uji. Ukiuacha kidogo unaganda juu, halafu watu wanapita wanasema, aa, huyu amepoa. Yangu nitaikoroga kila siku kwa kalamu.

Neno lenyewe ni hili: Jumbe Amoni amevunja ilungu la baba yangu.

Kama unasoma na wewe ni mtoto wa siku hizi, jembe lako limetoka dukani kwa Mhindi, hujui. Ilungu ni tanuru la kuyeyushia chuma. La baba lilisimama juu ya kilima chetu, refu kuliko watu wawili mmoja amepanda mabegani mwa mwenzake, limejaa kiunoni kama mwanamke anayekaribia kujifungua. Chini lilikuwa na milango kuzunguka, kila mlango una ukoo wake wa kuutunza moto. Huu wa kina Nzowa, huu wa kina Haonga, huu wa kina Simkoko. Hakuna aliyekuwa nyuma, maana kitu cha mviringo hakina nyuma. Mgeni akitoka Unamwanga aliliona kutoka mbali, akasema, "Pale ndipo kwa Wanyiha." Hakuuliza njia. Moto wa mwisho niliuwasha mimi, kabla ya vita vya Wajerumani na Waingereza, na chuma kilichotoka kilikuwa kizuri kuliko cha baba. Baba mwenyewe alikiri.

Nilikwenda Tunduma, nikavuka mpaka kumwona dada yangu aliyeolewa Nakonde. Jana nimerudi. Kilima kina kipara. Milango ya koo zote imelala chini kama vigae vya chungu.

Jumatatu, 7 Juni

Nimekwenda kwa Amoni. Huyu mtu ana umri wa mwanangu. Mama yake alikuwa akianika mkeka wake kila asubuhi, sitasema kwa sababu gani. Leo ni jumbe wa Mwene, chifu wetu, ana koti na kofia ya Kizungu, na anaketi barazani kwake kama kilima.

"Karibu kiti, mzee Luka."

"Sikuja kukaa."

"Basi simama. Ardhi ni ya Mwene, haichoki."

"Nani amekupa ruhusa ya kuvunja ilungu letu?"

Akanitazama kama anayemwonea huruma mgonjwa. "Wewe mwenyewe. Nimeletewa amri ya kujenga baraza la hukumu, la matofali, kabla ya mvua. Udongo wa ilungu uko karibu na umekwisha kukomaa. Nikakuletea mtungi. Au pombe yangu alikunywa nani?"

Sasa nieleze, maana hapa ndipo alipoficha kisu.

Kwetu mtu akitaka mti wako, au kiwanja chako, au binti yako, analeta mtungi wa pombe ya ulezi. Ukinywa umekubali. Ukikataa unaurudisha umejaa, na hakuna ugomvi. Lakini pombe ya kuomba huja na maneno. Anayeuleta hautui chini mpaka aseme ametumwa aombe nini. Mtungi wa Amoni aliuleta mke wake Roda, kabla sijasafiri. Aliutua kwanza, akasema, "Jumbe anakusalimu, anashukuru kwa vile ulivyompatanisha na shemeji zake." Basi. Hiyo ni pombe ya shukrani. Mke wangu Ketrina alikuwa mtoni, hakusikia.

Nami nilikunywa. Nilikunywa yote peke yangu, kisha nikapita kwa majirani kuwaambia kwamba hata Jumbe ananipikia mimi pombe. Sasa kijiji kizima ni mashahidi kwamba nilikunywa, na hakuna shahidi wa maneno.

Amoni, utanitambua.

Alhamisi, 10 Juni

Baridi. Sikutoka. Nimemchukia nikiwa nyumbani.

Jumapili, 20 Juni

Mwinjilisti Anania amehubiri juu ya mambo ya kale kupita. Alipofika kwenye "masanamu yaliyosimama vilimani" akanitazama mimi. Nikasimama katikati ya mahubiri nikamwuliza, "Mwinjilisti, mama yako alilima kwa nini? Kwa kucha?" Watu wakacheka mpaka nyuma. Wimbo uliofuata Anania aliuanza juu mno, hakuna aliyeufikia.

Ketrina amenikemea njia nzima. "Baba Enesi, kanisani!"

"Kwani nimetukana?"

"Umetukana kwa kuuliza."

Jumanne, 29 Juni

Fundi amekuja. Jina lake Osea, Mndali, amefundishwa uashi misheni. Mikono laini, penseli sikioni. Nilijificha nyuma ya migomba nikamtazama akichora nyumba ardhini kwa kamba na vijiti. Nilimchukia hapo hapo, nikamjumlisha na Amoni.

Nimeiona nyumba yenyewe kwenye kamba. Pembe nne. Upande wa barabara kuna mlango mmoja, mbele yake nguzo za kumfurahisha Bwana Disii, Mzungu mkuu wa wilaya, akishuka kwenye gari. Ndani upande mmoja umeinuliwa kama jukwaa, hapo kiti cha Mwene na kiti cha Jumbe. Chini watu. Katikati kizuizi cha mbao, usije ukamfikia anayekuhukumu. Nyuma chumba kidogo kisicho na dirisha, cha kufungia watu. Na huo mgongo wa nyumba, pamoja na choo chake, umeelekezwa kwetu, upande wa vijiji.

Mimi si mjinga. Nyumba inasema kabla ya mtu kusema. Ilungu lilisema, njooni wote, kila mtu na mlango wake. Hii ya kamba inasema, subiri hapo nje mpaka uitwe. Mlango mmoja, basi nyumba ni ya mtu mmoja.

Jumapili, 11 Julai

Umande umeganda mweupe juu ya majani. Kahawa ya Ketrina imeungua ncha. Hata hilo ninaliandika kwenye deni la Amoni.

Jumatano, 14 Julai

Wameanza kufyatua matofali. Wanaokanyaga udongo ni watu wa Mbangala walioletwa kulipa kodi kwa jasho. Wanachukua mapande ya ilungu, wanayaponda kwa mchi, wanachanganya na udongo wa kichuguu. Osea anasema unga wa udongo uliokwisha kuonja moto unazuia tofali lisipasuke. Mapande yaliyoshikamana na mavi ya chuma, ile taka ya moto inayoganda kama kioo, hayapondeki. Hayo ameyatia hivyo hivyo, na tofali linatoka na macho meusi yanayong'aa.

Nilisimama pale kutwa nzima. Wanaume wanamkanyaga baba yangu kwa miguu, wanaimba.

Alhamisi, 15 Julai

Sikulala vizuri lakini nimeamka na akili.

Kumpiga Amoni, nitafungwa. Kumchomea nyumba, nyumba ina mke na watoto, nami si mwuaji. Kumshitaki, hakimu ni yeye. Kila nilipogeuka nilikuta ukuta. Ndipo nikasema, basi na uwe ukuta.

Nitamfanya awe na nyumba asiyoweza kuiingia.

Jumapili, 25 Julai

Leo nimesema. Nilingoja watoke kanisani, nikasimama penye matofali yaliyoanikwa, nikasema kwa sauti ile niliyokuwa nikipitisha juu ya ngurumo za moto.

"Watu wa Ihanda na ninyi wageni wa Mbangala! Mimi sina ugomvi na miguu yenu, mmetumwa. Lakini mjue mnakanyaga nini. Chini ya ilungu, kabla halijajengwa, huzikwa dawa. Anayewasha moto hasemi uongo, halali na mwanamke, haibi, mpaka chuma kishuke. Akisema uongo, ilungu linaharibu mimba, na tumbo lake yeye linavimba. Ndivyo baba alivyoniambia. Dawa hiyo sasa iko ndani ya matofali haya. Jengeni. Lakini atakayetia kiganja kwenye ukuta huu na kusema uongo, tumbo lake litajaa kama ilungu, na hapana mlango wa kulifungulia."

Waliokuwa karibu na matofali wakarudi nyuma.

Sasa kweli ni hivi. Dawa ilizikwa, hilo kila mzee analijua. Miiko ni kweli, nimeishika mimi. Maneno ya kiganja na tumbo la mwongo, baba hakusema. Nimesema mimi. Lakini baba angeishi mpaka akamwona Amoni, angesema hayo na zaidi.

Jumatatu, 26 Julai

Watu wa Mbangala wamekataa kukanyaga. Mmoja anaumwa tumbo. Nilimwona juzi akila maharage hayajaiva. Nimenyamaza.

Ijumaa, 6 Agosti

Amoni amewatisha, wamerudi kazini. Ila sasa wanakanyaga bila kuimba, na kila mmoja anajitahidi asiulizwe swali lolote. Msimamizi akiuliza, "Nani amevunja mpini?" wanatazamana tu. Halafu aliyevunja anasema mwenyewe haraka, "Mimi, mimi!" kama mtu anayetapika.

Jumanne, 10 Agosti

Osea amekuja nyumbani kwangu. Nilidhani ametumwa. Alikaa chini kabisa, kwenye kigogo cha wanawake, akaondoa penseli sikioni, akaniita tata, kama baba yake.

"Tata, nimekuja kuomba radhi. Mimi niliambiwa udongo umetolewa na mwenyewe."

"Sasa umeambiwa vingine, utaacha kujenga?"

"Nikiacha atakuja fundi mwingine."

"Basi wewe ni mwoga."

"Ndiyo, tata." Hakubisha. Mtu asiyebisha ananichosha. "Lakini matofali yale yenye mavi ya chuma ndiyo magumu kuliko yote. Nitayapanga mbele, mlangoni, kutoka chini mpaka juu. Anayeingia atayaona. Hakuna atakayesema hayajulikani yametoka wapi."

Nilimwambia atoke. Alipofika uani nikamwita, nikamwambia Ketrina ampe maziwa ya mgando. Simpendi bado. Ila Amoni angekuja, angepewa maji ya kuoshea vyombo.

Jumapili, 22 Agosti

Wamechoma matofali. Moshi siku nzima. Nitalala na nguo hizi hizi ili harufu ya ilungu isitoke.

Jumamosi, 11 Septemba

Kuta zimefika madirishani. Lori limepita likitoka Tunduma na bati, limeng'aa mpaka mbuzi wakakimbia. Ketrina alikwenda kuangalia na wanawake wenzake, akarudi amechangamka.

"Baba Enesi, nisikufiche. Ni nzuri."

"Nini nzuri?"

"Ile nyumba. Imesimama. Mlangoni yale macho meusi yanawaka kama wali wenye kunde. Mtu akitoka Mbeya atasema Ihanda ni mahali."

Sikuongea naye mpaka jioni. Kilichoniudhi zaidi ni kwamba hakusema uongo. Nami nimepita pale, kwa mbali, nikaona vile vile. Amoni kwa bahati mbaya yake amemsimamisha baba yangu tena, kando ya barabara, akiwa na pembe nne.

Basi sitaki tena nyumba ianguke. Nilikuwa ninaomba mvua ije mapema iitafune. Ombi hilo nimelifuta. Nataka isimame, na Amoni awe nje.

Jumatano, 22 Septemba

Nyasi zinaungua kila upande, jua limekuwa jekundu kama jipu. Roda mke wa Amoni amenikwepa njiani. Ana mimba, imeonekana sasa. Aliingia kwenye shamba la watu mpaka nikapita. Huyu mwanamke alikuwa akinisalimu kwa kupiga magoti. Nilifurahi, kisha nikafurahi kidogo.

Jumanne, 5 Oktoba

Leo jambo. Osward, yule mwenye mbuzi wengi, alikuwa anamdai jirani yake beberu, na jirani anakataa. Wakaletwa kwa Amoni, naye akawaketisha kwenye kivuli cha baraza, bado halijafunguliwa. Maneno yakawa marefu. Bibi mmoja akasema kwa utani tu, "Si watie viganja pale mlangoni?" Jirani akatazama ule ukuta wenye macho. Akasema, "Beberu nilimla. Nilimla na shemeji zangu. Msinisogeze huko."

Kesi imekwisha kabla Jumbe hajavua kofia! Watu wamecheka mpaka wakakaa chini. Mtu mmoja peke yake hakucheka. Nilikuwa ninamtazama yeye tu. Alikuwa amesimama mbali na kivuli, juani.

Ee moyo wangu, kula.

Jumapili, 10 Oktoba

Watu wanasema Amoni anahukumu mashauri madogo nyumbani kwake, anasema rangi ya baraza haijakauka. Rangi ilipakwa lini? Chokaa inakauka kwa nusu siku.

Ijumaa, 22 Oktoba

Amoni amenishitaki. Tarishi ameniletea mdomo wa Mwene: nimewatisha watu kwa uchawi, nimezuia kazi ya serikali, nitasikilizwa siku ya kwanza baraza litakapotumika, kabla Bwana Disii hajaja kulifungua. Nikionekana na hatia nitapelekwa jela Mbeya. Ketrina amelia. Binti yetu Enesi ametoka kwake kuja kulia naye.

"Mwombe msamaha," wanasema.

"Nani amwombe nani?"

"Baba, una miaka mingi. Jela utafia huko."

"Nitafia huko nikiwa nimenyooka."

Ninaandika hivyo kwa ushujaa.

Alhamisi, 4 Novemba

Joto. Mawingu yanapanda kutoka upande wa Mbangala, yanasimama juu yetu, yanaondoka. Hakuna hata tone.

Ijumaa, 12 Novemba

Leo nitaandika mpaka mkono ukatae.

Watu walijaa tangu umande. Ndani hawakuenea, waliobaki nje wakaziba madirisha, giza likaingia. Mwene alipanda jukwaani na wazee wake. Kiti chake kilikuwa kimesukumwa ukutani, nikamwona akikivuta mbele kidogo, taratibu, mgongo usiguse. Nikajua mchezo ni wangu.

Mimi nilisimama chini, kwenye kizuizi. Amoni hakupanda kwenye kiti chake. Alisimama kizingitini, mguu mmoja ndani, mmoja nje, akasema anataka watu wa nje nao wasikie.

Mwene akaniambia, "Luka, unawatisha watu?"

"Mwene, mimi meno yangu yamekwisha. Nitamtisha nani?"

"Amesema ukuta utavimbisha watu matumbo!" Amoni akapaza sauti.

"Nimesema mwongo ndiye atakayevimba. Wewe kinakuwasha nini?"

Kicheko. Mwene akapiga fimbo yake chini.

Amoni akaeleza vizuri, hilo nitampa, ana ulimi. Kwamba serikali iliamuru. Kwamba yeye alifuata mila, akapeleka mtungi wa kuomba ilungu, nami nikanywa, nikapita kijiji kizima nikijisifu. Akawaita majirani zangu. Mmoja baada ya mwingine wakasema, ndiyo, alikunywa, alikuja akinuka na kujisifu. Wote wamesema kweli, nami nimewachukia wote.

Mwene akasema, "Luka, ulikunywa?"

"Nilikunywa. Ilikuwa pombe ya shukrani. Mtungi ulitua kwanza, maneno yakafuata, na hayakutaja ilungu."

"Ilikuwa ya kuomba," akasema Amoni.

"Basi tia kiganja ukutani useme hivyo."

Amoni akacheka, kicheko kikavu. "Mwenye dawa si yeye? Aanze yeye."

Nikatoka kwenye kizuizi, nikapasua watu mpaka mlangoni. Yale matofali yenye macho jua lilikuwa limeyapiga, yalikuwa na moto. Nikatia kiganja. Nilikuwa sijaligusa ilungu tangu lilipovunjwa. Nikasema, "Nililetewa pombe ya shukrani. Neno la ilungu sikuambiwa." Nikangoja. Tumbo liliguna. Sikuwa nimekula.

Nikataka kutoa mkono. Amoni akasema, "Usitoe! Bado." Akanisogelea usoni. "Mbele ya Mwene, na kiganja hapo hapo. Haya maneno ya matumbo kuvimba, baba yako aliyasema kweli?"

Alinipata. Mtu huyu si mjinga, ndiyo maana nilimchukia kwa bidii. Nikisema ndiyo, ninadanganya na mkono uko ukutani. Nikisema hapana, ninajitia jela mwenyewe. Nilimwona Enesi amejishika kichwa. Nilimwona Osea kwenye dirisha. Nikaona pia kwamba mimi, niliyeyatunga yale maneno kwa ulimi wangu, nayaogopa.

Nikasema, "Hapana. Baba hakuyasema. Niliyasema mimi."

Baraza lilivuma kama nyuki. Amoni alirusha kofia juu. "Mmesikia! Uongo wa mzee mzima! Miezi yote mmeogopa upepo! Ukuta huu ni ukuta tu!"

Mwene akangoja vumi lishuke. Ni mtu wa polepole, nilikuwa namdharau kwa hilo. Sasa simdharau.

"Vizuri," akasema. "Luka ana kosa, tutalifikia. Lakini Jumbe, kama umesema mwenyewe ukuta ni ukuta tu, tia kiganja, useme pombe ilikuwa ya kuomba, tumalize. Disii yuko njiani."

Amoni akaokota kofia yake. Akaipangusa. Akaipangusa tena. Akatazama yale macho ya mavi ya chuma. Akainua mkono, nao ukafika nusu, ukakaa hewani kama wa mtu anayepima joto la chungu.

"Fanya, Jumbe," watu wa dirishani wakasema. "Ukuta ni ukuta tu!"

Ndipo Roda akapiga kelele kutoka nje, mikono yote miwili tumboni. "Baba Nesta, usitie! Usitie, nakuomba! Niliyesema ni mimi, ulinituma niseme shukrani!"

Hakuna aliyecheka. Mkono wa Amoni ulishuka wenyewe.

Mwene akasema, "Mke wako amekula kiapo badala yako." Kisha akasema mimi kwa kutisha watu nitafyeka uwanja wa baraza mpaka mvua zikolee, na Amoni kwa hila ya mtungi atanilipa ng'ombe mwenye ndama.

Nikasema, "Ng'ombe sitaki."

"Unataka nini, mzee?"

"Ilungu. Kilimani, pale pale. Alijenge kwa mikono yake, asitume mtu. Udongo aukanyage yeye, maji achote yeye. Mimi nitakaa nimwonyeshe."

Wazee wakanong'ona kwamba hakuna tena ayeyushaye chuma, la nini? Nikasema, "Nanyi mmejenga nyumba kubwa ya kuwekea viti viwili. Mimi sikuwauliza ya nini."

Mwene akasema, "Atajenga."

Jumatano, 17 Novemba

Bwana Disii amekuja, amefungua, amesifu madirisha. Akauliza kwa nini Jumbe haketi kwenye kiti chake. Mkalimani akasema Jumbe ana ugonjwa wa kifua, anapenda hewa. Nilikuwa karibu na dirisha, ninafyeka.

Jumamosi, 20 Novemba

Mvua imeanza. Amoni pia.

Jumanne, 30 Novemba

Amevua koti, amekunja suruali, anakanyaga. Mimi nimekaa juu ya jiwe chini ya mwavuli wa Enesi. Barabara inaonekana vizuri kutoka huku, na anayepita barabarani anatuona sisi. Nimechagua upande huo.

Osea alipanda kutusalimu. Akaniita pembeni. "Tata, huu si wakati wa udongo. Anachojenga leo, usiku mvua inakiyeyusha."

"Najua."

"Mpaka kiangazi atakuwa amelijenga mara ngapi?"

"Sitahesabu."

Akanitazama sana, kisha akashuka bila kuaga vizuri. Ketrina naye jana aliniambia, "Umeshinda, baba Enesi. Mwache sasa. Mke wake anakaribia kujifungua." Nikamwambia akampelekee Roda uji na kuni, na asiseme zimetoka kwangu. Amepeleka. Lakini mume wake ni jambo jingine.

Ijumaa, 10 Desemba

Siku tatu mvua haikunyesha, na Amoni amefanya kazi kama punda. Leo ukuta umemfika kiunoni, mviringo safi, na milango yote ya koo amekumbuka kuiacha wazi. Alikaa pembeni akipumua, nikaona anautazama kama mtu anayependa alichofanya.

Nikainuka. Nikauzunguka, nikafumba jicho moja.

"Umepinda," nikasema.

Amoni akautazama. Akautazama tena kwa upande wa pili. "Mzee Luka, haujapinda."

"Haya. Twende barazani, ukaseme hivyo mlangoni, na kiganja ukutani."

Amoni alichukua jembe, akaanza kubomoa.